Blagoje Vidinić: kombe la Kairo na mabao tisa ya Gelsenkirchen

DILALA, KOLWEZI – Timu ya mtaa ikifungwa vibaya siku ya Mungu mchana, bado kuna mzee atakayetikisa kichwa na kutaja Yugoslavia. Nchi hiyo yenyewe haiko tena kwenye ramani. Kinachotajwa ni mchezo mmoja wa mpira: tarehe 18 Juni 1974, mjini Gelsenkirchen, Ujerumani Magharibi. Zaire sifuri, Yugoslavia tisa. Hata vijana waliozaliwa muda mrefu baada ya vita vya 1978 wanajua hesabu hiyo, ingawa wengi hawajui jina la kocha aliyekaa kwenye benchi siku ile.

Jina lake ni Blagoje Vidinić. Huyu ndiye aliyekuwa mwalimu wa Leopards walipotwaa Kombe la Afrika mwaka 1974, na ndiye aliyeifikisha Zaire kwenye Kombe la Dunia, timu ya kwanza kutoka Afrika kusini mwa Sahara kufika huko. Tangu mwaka ule nchi haijapata Kombe la Afrika lingine. Mizani zote mbili, ya furaha na ya aibu, zilijazwa ndani ya miezi minne, kati ya Machi na Juni, na mtu mmoja ndiye aliyekuwa kocha. Lakini kinachokumbukwa zaidi ni tisa.

Kipa aliyegeuka mwalimu

Vidinić alizaliwa mwaka 1934 mjini Skopje. Alikuwa golikipa. Mwaka 1960 alisimama golini katika fainali ya kwanza kabisa ya Kombe la Mataifa ya Ulaya, mjini Paris, ambapo Yugoslavia ilifungwa na Umoja wa Kisovyeti mabao 2 kwa 1. Miezi miwili baadaye alikuwa katika kikosi kilichochukua dhahabu ya michezo ya Olimpiki huko Roma. Baadaye akavuka bahari na kucheza Marekani, wakati mchezo huo ulikuwa bado mgeni kule.

Wakati huo makocha wa Yugoslavia walikuwa wengi Afrika. Nchi yao haikuwa upande wa Marekani wala upande wa Moscow, na serikali nyingi za Afrika zilizopata uhuru karibuni ziliona ni rahisi kufanya kazi nao. Vidinić alianzia Moroko. Mwaka 1970 aliipeleka Moroko kwenye Kombe la Dunia huko Mexico. Katika mchezo wa kwanza Moroko iliongoza mbele ya Ujerumani Magharibi hadi kipindi cha pili, kisha ikapoteza 2 kwa 1. Ikafungwa 3 kwa 0 na Peru, halafu ikatoka sare ya 1 kwa 1 na Bulgaria. Hiyo ilikuwa pointi ya kwanza ya timu ya Afrika katika historia ya Kombe la Dunia.

Mtu wa namna hiyo ndiye aliyekuja Kinshasa mwanzoni mwa miaka ya 1970. Hakuja kujifunza kazi kwa gharama ya Wakongomani, maana alikwisha kuonyesha kwamba timu ya Afrika inaweza kusimama mbele ya wakubwa.

Alichokikuta

Itakuwa kosa kusema kwamba Vidinić alileta mpira Kongo. Alikuta shamba limelimwa na mbegu imeota. Mwaka 1968, huko Addis Ababa, Kongo ilikuwa tayari imechukua Kombe la Afrika kwa kuifunga Ghana 1 kwa 0, kwa bao la Pierre Kalala. Klabu ya Lubumbashi, Tout Puissant Englebert, ambayo leo ni TP Mazembe, ilicheza fainali nne mfululizo za klabu bingwa Afrika, kuanzia 1967 hadi 1970, na kuchukua mbili za kwanza. Mwaka 1973 ikawa zamu ya AS Vita Club ya Kinshasa kuchukua kombe hilo hilo.

Kwa watu wa Katanga, mpira ule ulikuwa na mizizi ya karibu. Klabu ya Englebert yenyewe ilianzishwa mwaka 1939 na wamisionari Wabenedikto waliokuwa wakiongoza shule ya Saint-Boniface mjini Élisabethville, ili wanafunzi wapate mchezo. Katika miji ya migodi, Union Minière ilijenga viwanja kando ya kambi za wafanyakazi, kwa sababu kampuni ilitaka wanaume wake wapumzike mahali inapowaona. Mpira ulianza kama kitu cha shule na cha kampuni, kisha wananchi wakaufanya wao.

Kwa hiyo kazi ya Vidinić ilikuwa ya kuunganisha. Kutoka Lubumbashi alikuwa na golikipa Kazadi Mwamba, beki Mwepu Ilunga na Tshimen Bwanga, huyu aliyechaguliwa mchezaji bora wa Afrika mwaka 1973. Kutoka Kinshasa alikuwa na watu wa Vita na wa Imana, klabu mbili ambazo mashabiki wao hawakuweza kukaa benchi moja: nahodha Kidumu Mantantu, Kakoko Etepe, Mayanga Maku, Lobilo Boba. Mshambuliaji wake mkuu, Mulamba Ndaye, alikuwa mtoto wa Kananga, huko Kasai.

Kila familia iliyofika Kolwezi kutoka mbali, au iliyowahi kuondolewa Kolwezi kwa nguvu, inaelewa uzito wa orodha hiyo. Katanga, Kasai na Kinshasa zilivaa jezi moja. Hakuna aliyeuliza baba wa mwenzake alizaliwa wapi, mradi mpira umpate mguuni.

Njia ya kwenda Kairo

Mwaka 1973, nafasi ya Afrika kwenye Kombe la Dunia ilikuwa moja tu. Mwishoni zilibaki nchi tatu: Zaire, Zambia na Moroko. Leopards walikwenda Lusaka wakashinda 2 kwa 0. Wakaishinda Zambia tena nyumbani, 2 kwa 1. Tarehe 9 Desemba 1973 Moroko, timu ya zamani ya Vidinić, ilifungwa 3 kwa 0 mjini Kinshasa. Moroko ilikataa kucheza mchezo wa marudiano. Tiketi ya Ujerumani ikabaki mikononi mwa Zaire.

Machi 1974 ikawa Kombe la Afrika nchini Misri. Mwanzo haukuwa mzuri sana. Leopards waliifunga Guinea, wakafungwa na ndugu wa Brazzaville, wakaishinda Morisi. Katika nusu fainali walikutana na Misri wenyewe, mbele ya watu wao. Misri ilitangulia kwa mabao mawili. Zaire ikarudisha yote na kuongeza la tatu: 3 kwa 2.

Fainali ilikuwa Zaire na Zambia, nchi mbili zinazochimba shaba kutoka mkanda mmoja wa ardhi, mpaka ukipita katikati. Wachezaji wengi wa Zambia walitoka klabu za miji ya migodi kama Mufulira na Kitwe. Hata kwenye benchi walikutana ndugu: kocha wa Zambia, Ante Bušelić, naye alikuwa Myugoslavia. Tarehe 12 Machi walitoka 2 kwa 2 baada ya muda wa nyongeza, Zambia ikisawazisha katika dakika ya mwisho kabisa. Mchezo ule haukuamuliwa kwa penalti. Mchezo ulirudiwa siku mbili baadaye. Mulamba Ndaye, aliyefunga mawili katika fainali ya kwanza, akafunga mawili tena. Zaire 2, Zambia 0.

Mulamba alimaliza mashindano yale na mabao 9. Hadi leo hakuna aliyefikia idadi hiyo katika Kombe moja la Afrika.

Rais Mobutu aliwapokea wachezaji kwa shangwe. Waliahidiwa na kupewa zawadi kubwa, nyumba na magari. Fedha za nchi wakati ule zilitoka kwa sehemu kubwa kwenye shaba na kobalti ya Gécamines, maana yake kwenye jasho la Kolwezi, Likasi na Lubumbashi. Bei ya shaba ilikuwa juu sana katika miezi ile ya kwanza ya 1974. Ilionekana kama vile haitashuka kamwe.

Siku nane za Ujerumani

Mchezo wa kwanza, tarehe 14 Juni mjini Dortmund, Zaire ilifungwa na Uskoti 2 kwa 0. Mabao yote mawili yaliingia kipindi cha kwanza. Kipindi cha pili Uskoti haikupata kitu. Kwa timu iliyokuwa ikicheza Kombe la Dunia kwa mara ya kwanza, ikiwa na wachezaji wote kutoka klabu za nyumbani, hakuna aliyecheka.

Kilichovunja timu kilitokea nje ya uwanja. Wachezaji waligundua kwamba primi walizoahidiwa hazitafika mikononi mwao. Msafara ulikuwa umejaa wakubwa wa serikali na wa shirikisho, na fedha zilikuwa zimepotelea njiani. Mwepu Ilunga alisimulia miaka mingi baadaye kwamba wachezaji walitaka kukataa kabisa kuingia uwanjani dhidi ya Yugoslavia. Waliingia, lakini mioyo yao ilibaki hotelini.

Tarehe 18 Juni, dakika ya 18, ilikuwa tayari 3 kwa 0. Dakika ya 21 Vidinić alimtoa golikipa Kazadi na kumwingiza Tubilandu Ndimbi, mtu mfupi wa kimo. Dakika moja baadaye likaingia la nne. Katika vurugu iliyofuata, mwamuzi kutoka Kolombia, Omar Delgado, alipigwa teke kwa nyuma. Aliyempiga alikuwa Mwepu. Kadi nyekundu akapewa Mulamba. Zaire ikabaki na watu kumi, bila mfungaji wake, na kipa wake wa kwanza akiwa benchi. Hadi mapumziko ilikuwa 6 kwa 0.

Hapo ndipo neno la usaliti lilipozaliwa. Kocha ni Myugoslavia, anacheza na Yugoslavia, na anamtoa kipa bora zaidi: watu wengi Kinshasa hawakuhitaji ushahidi mwingine. Neno hilo lilisafiri kwa treni hadi Katanga, na mpaka leo linasikika.

Lakini mambo yapimwe moja baada ya jingine. Vidinić mwenyewe alikuwa golikipa. Alijua vizuri kuliko wengi maana ya kumtoa kipa dakika ya 21. Baadaye alieleza kwamba agizo lilitoka kwa mwakilishi wa wizara ya michezo aliyekuwa pale. Siku nne baadaye, dhidi ya Brazil, Kazadi alirudi golini. Kama kocha angekuwa amepoteza imani naye, asingemrudisha mbele ya mabingwa wa dunia. Na kama angetaka kuwauza vijana wake, kulikuwa na njia zisizoonekana zaidi ya ile iliyomwacha uchi mbele ya dunia nzima. Kosa lake ni kwamba alitii. Siku ile kocha wa Zaire hakuwa na uwezo wa kusema hapana kwa mtu wa serikali, na wale waliokuwa na uwezo huo hawakuwa wakijua mpira.

Mchezo wa mwisho, tarehe 22 Juni, ulikuwa dhidi ya Brazil. Mwepu alisimulia kwamba watu wa rais waliwaonya wachezaji: wakifungwa kwa mabao zaidi ya kiasi fulani, wasirudi nyumbani. Brazil ilihitaji ushindi wa mabao matatu ili isonge mbele. Iliongoza kwa 1 kwa 0 hadi mapumziko, ikapata la pili dakika ya 66 na la tatu dakika ya 79.

Ni katika mchezo huo Brazil ilipopata frii-kiki, na Mwepu akatoka mbio kwenye ukuta wa Wazaire na kuupiga mpira mbali kabla Mbrazil hajaugusa. Dunia ilicheka. Watangazaji wa Ulaya walisema Mwafrika hajui sheria. Mwepu, ambaye alikuwa amecheza mashindano makubwa ya Afrika kwa miaka, aliijua sheria vizuri. Alieleza baadaye kwamba alikusudia kutolewa nje, kwa hasira ya kuwachezea watu wasiolipa. Alipewa kadi ya njano tu.

Zaire ilimaliza bila bao na bila pointi, ikiwa imefungwa mabao 14. Uskoti nayo ilitolewa bila kupoteza mchezo hata mmoja, kwa sababu wenzake waliifunga Zaire mabao mengi kuliko yeye.

Waliorudi na aliyeondoka

Waliporudi, hapakuwa na shangwe. Miezi minne baadaye, tarehe 30 Oktoba 1974, Muhammad Ali na George Foreman walipigana ngumi Kinshasa, kwenye uwanja wa 20 Mai ambao leo unaitwa Tata Raphaël. Kila mmoja aliahidiwa dola milioni 5. Wale waliolia kwa ajili ya primi zao huko Ujerumani waliona fedha inaweza kupatikana mkubwa akiitaka.

Mwaka uliofuata bei ya shaba ilikuwa imeanguka. Gécamines na nchi nzima vikaanza kuteremka mlima ambao hawajaupanda tena kwa namna ile. Mwaka 1978 Kolwezi yenyewe ikawa uwanja wa vita. Kuanzia Kombe la Dunia la 1978 hadi lile la 2022, nchi hii haikufika hata mara moja.

Vidinić hakuwafundisha Leopards tena. Alikwenda kufundisha timu ya taifa ya Kolombia, kisha akaishi Strasbourg, Ufaransa, ambako alifariki Desemba 2006.

Wachezaji wake hawakuwa na bahati zaidi. Mulamba Ndaye aliheshimiwa na shirikisho la Afrika mwaka 1994. Alivyorudi nyumbani, watu wenye silaha waliodhani amepewa fedha nyingi walimvamia na kumpiga risasi mguuni. Alikimbilia Afrika Kusini, akaishi huko kama mkimbizi, mtu ambaye jirani zake hawakujua kwamba anashikilia rekodi ya bara zima. Mwaka 1998, kwenye Kombe la Afrika huko Burkina Faso, watu walisimama dakika moja kimya kwa ajili yake, wakidhani amekufa, naye alikuwa hai. Alifariki Januari 2019 huko huko Afrika Kusini. Mwepu Ilunga alitangulia mwaka 2015.

Familia zilizowahi kukaa siku na siku kwenye stesheni ya Kolwezi mwaka 1993 zikingoja treni ya Kasai, na zile ambazo leo zinahama kwa sababu mgodi umefika mlangoni, hazihitaji kufafanuliwa habari ya Mulamba. Mtu anaweza kuipa nchi kila kitu alichonacho mguuni, na nchi ikasahau hata anwani yake.

Urithi wake ni nini

Urithi wa kocha kwa kawaida hupimwa kwa makombe. Kwa kipimo cha Kombe la Afrika, Vidinić ana moja na wengine wote waliomfuata hawana. Lakini kuna urithi mwingine, ambao makocha wa vijana hapa Dilala, Manika, Musonoi na Luilu wanaweza kuutumia bila kungoja shirikisho.

Kwanza, timu ilikuwa ile ile. Watu walioifunga Misri kwao Machi ndio waliofungwa tisa Juni. Miguu haikubadilika kwa miezi mitatu. Kilichobadilika ni imani yao kwa waliowatuma. Mkubwa wa timu anayekula primi ya wachezaji, hata ikiwa ni franka za usafiri na maji ya kunywa, anafunga goli kabla ya mwamuzi kupiga filimbi.

Pili, kocha asiyeachwa kufanya kazi yake hawezi kuulizwa matokeo. Aliyetoa agizo la kumtoa Kazadi hakuandikwa popote kwenye karatasi ya mchezo. Aliyetii ndiye aliyebeba jina la msaliti kwa miaka thelathini na zaidi, hadi kaburini.

Tatu, jezi. Vidinić alichukua watoto wa Lubumbashi, wa Kananga na wa Kinshasa, akawafanya wacheze kama watoto wa nyumba moja. Wanasiasa waliokuja baadaye waliitumia miaka mingi kuwatenganisha watu wa majimbo hayo hayo. Hakuna mashindano yanayotoa kombe kwa kazi aliyoifanya, lakini ndiyo iliyoleta lile la Kairo.

Kwa hiyo siku mzee akitaja tena Yugoslavia kando ya kiwanja, vijana wamwache amalize, kisha nao wataje tarehe 14 Machi 1974. Hesabu zote mbili ni za kweli, na zote mbili ni za kocha mmoja.